Minazi ya Athmani, Ardhi ya Maalim

Fatma na Kazungu, meza niliyowaachia ina mguu mmoja mfupi, na kadibodi iliyo chini yake msiitoe. Hilo la kwanza. La pili ni faili la chuo cha Bi. Rukia, ambalo mtalikuta rafu ya katikati, limefungwa uzi mara mbili kwa sababu limenenepa. Siku ile ya kuniaga mliniuliza lile faili lahusu nini hasa, nikacheka nikasema ni mambo marefu. Kweli yenyewe ni kwamba sikujua nianzie wapi. Nimekaa nyumbani wiki tatu sasa, asubuhi sina pa kukimbilia, nikaona heri niandike. Sitaandika nilipandishwa cheo lini wala nililipwa nini. Hayo hayakuwa na utamu wakati ule, na hayajaupata tangu hapo.

Shule niliiacha darasa la saba, kabla ya mtihani. Hakuna aliyenifukuza. Nilikuwa nikikaa darasani nasikia honi ya meli, na maadamu sijajua ile meli imebeba nini, la mwalimu halikuniingia. Basi nikatoka kwenda kuuliza. Nilibeba magunia sokoni Marikiti, nikauza kahawa Makadara, nikajaza pamba magodoro, nikapaka rangi madirisha, nikakaa miezi minane na fundi wa saa ambaye hakunifundisha saa ila alinifundisha kunyamaza. Kila kazi niliiacha siku niliyoielewa. Hii ya kwa wakili ndiyo iliyonizeesha, kwa sababu siku hiyo haikufika.

Niliingia hivi. Nilikuwa Marikiti na gunia la vitunguu begani, nikamwona mzee mwenye kanzu na koti anabandika karatasi kwenye mlango wa duka lililofungwa. Nikatua gunia nikaanza kusoma.

"Wasoma nini?" akaniuliza.

"Karatasi."

"Karatasi naiona, ni yangu. Umeelewa yasemaje?"

"Mwenye duka aitwa mahakamani Jumatatu. Lakini mwenye duka amehamia Kuze, nyuma ya madrasa ya wasichana. Hapa atakayeisoma ni paka."

"Na wewe umejuaje alikohamia?"

"Mimi ndiye niliyembebea kabati."

Yule alikuwa Mzee Shee, karani mkuu wa ofisi yetu. Alinitazama kama mtu anayepima samaki kwa jicho, akasema, "Kesho njoo ofisini, na uvae shati lenye vifungo." Nikaazima shati.

Kazi yangu ya kwanza ilikuwa kupeleka samansi kwa bwana mmoja wa Kuze. Nilibisha hodi, nikakaribishwa. Nanyi mwajua salamu za mji huu. Aliniuliza hali yangu, hali ya mama yangu, hali ya babu yangu aliyekuwa amefariki, akamrehemu, nami nikamrehemu wake. Kahawa ikaja, kisha sahani ya halua, kisha mkate wa mofa ukiwa bado na moto. Nilipokwisha kula sikuweza tena kutia mkono mfukoni nikamtolea mtu yule karatasi ya mahakama. Nikaaga, nikarudi ofisini na samansi yangu, imekunjwa vile vile ila sasa yanukia halua.

Mzee Shee hakunigombeza. Alisema, "Ukitangulia kula, samansi huiwezi. Toa samansi kwanza, halafu ukae, halafu mle pamoja, umsaidie kuhuzunika." Nimefanya hivyo tangu siku ile, na wengi niliowapelekea mashtaka bado wananialika harusini. Kazungu, wewe mwoga wa kugonga milango, lishike hilo.

Vyombo vya kazi mnavijua. Sindano ya gunia na uzi wa kushonea faili, kwa sababu pini huota kutu katika hewa hii ya chumvi na baada ya mwaka karatasi inakuwa na jeraha. Daftari la mfukoni, la kuandika nyumba ina mlango wa rangi gani na nani alikuwa kibarazani. Kalamu mbili, moja ya kuazimwa na makarani wa masjala, ambao hawarudishi. Chombo ambacho sikuwa nacho, na ndicho kilichonitia aibu, ni mnyororo wa mpima ardhi.

Mzee Shee alipofariki, nilipewa meza yake, ile yenye mguu mfupi. Wakati huo ofisi ilikuwa imekwisha kushikwa na Wakili Ndinda, mama wa kutoka bara, Mkamba, mkali wa tarehe na mpole wa watu. Yeye ndiye aliyempokea Bi. Rukia.

Bi. Rukia ni mtu wa Kuze, kwao hasa. Alifanya kazi ya bwana shamba huko vijijini, ikiwa mwanamke anaweza kuitwa bwana shamba, na yeye aliitwa. Alipostaafu alikodi orofa mbili za juu katika jengo moja karibu na Makadara, akafungua chuo cha kilimo. Watu wa chini, wenye mikahawa na tuktuk, walikiita Chuo cha Ghorofani. Kilikuwa na vyumba vinne, maabara ya udongo iliyokuwa zamani jiko, na juu kabisa paa la zege ambapo wanafunzi walipanda mchicha, bamia na pilipili katika madebe ya rangi.

Siku alipokuja ofisini alikuwa na barua ya bodi inayosajili vyuo. Barua ilisema kwa lugha ya adabu kwamba chuo cha kilimo sharti kiwe na ardhi ya kufundishia isiyopungua ekari tano, iwe yake kwa hatimiliki au kwa mkataba wa kukodi, na kwamba ghorofa si ardhi. Asipoonyesha, usajili unafutwa, na wanafunzi wa mwaka wa mwisho hawatapokelewa kwenye mtihani. Wa mwaka wa mwisho walikuwa ishirini na wanane.

"Wakihamishwa chuo kingine?" Wakili Ndinda akauliza.

"Waanza upya, mwaka wa kwanza. Hakuna kinachowakubali katikati," akasema Bi. Rukia. "Wengine hawa wazazi wao wameshachoka. Wakiambiwa upya, basi, ndiyo mwisho wao."

Alipotoka nilitumwa nikakione chuo. Nilipanda ngazi hadi juu ya paa, nikamkuta binti mmoja wa mwaka wa mwisho, Kadzo, anamwagilia bamia. Mnanijua, nikaanza kuuliza. Kwa nini debe hili limetobolewa matundu ubavuni na lile chini? Kwa nini bamia hizi ni fupi?

"Ami," akasema, "mizizi ikifika mwisho wa debe yaanza kuzunguka. Hapa twajifunza mmea ukiwa umefungwa. Mtihani watuambia tuchimbe shimo, futi mbili kwenda chini. Mimi nikichimba futi mbili hapa nitatokea mkahawani."

"Kwa hiyo bodi yasema kweli?"

"Bodi yasema kweli. Lakini mimi mtihani nautaka."

Nikashuka ngazi nimechanganyikiwa, na huo ulikuwa mwanzo tu. Nilikwenda pale kumtetea Bi. Rukia, na mwanafunzi wake mwenyewe amenithibitishia kwamba bodi haijakosea, na bado haki naiona iko upande wake.

Shamba, kumbe, lilikuwepo. Bi. Rukia alikuwa amekodi shamba la minazi upande wa Kisauni, kwa mzee mmoja aitwaye Athmani, ambaye alimjua tangu siku zake za ubwana shamba. Alikuwa akiwapeleka wanafunzi huko mara moja moja. Mkataba waliandikiana kwa mkono, mashahidi watatu, karatasi ya daftari la shule. Wakili Ndinda akaisoma mara mbili. Haikutaja ukubwa.

"Omari," akaniambia, "nenda uone kama ni ekari tano, na uone ni la nani. Utaapa kwa ulichokiona."

Nilikwenda. Mzee Athmani alikuwa mfupi, mwenye miguu ya mtu aliyepanda minazi maisha yake yote, vidole vimetanuka kama vya bata. Nilimuuliza shamba ni la nani. Akasema ni lake, babu yake ndiye aliyelipanda, na majirani wawili waliokuwa wakifua makumbi wakasema ndiyo, la Athmani, la babu yake. Nikamuuliza ukubwa.

"Ekari mimi sizijui," akasema. "Mimi najua minazi. Ni mia mbili sitini na kitu. Wazee walihesabu minazi hamsini kwa ekari, lakini hesabu mwenyewe, usije ukasema Athmani alinidanganya."

Nikahesabu. Mara ya kwanza nikapata mia mbili sitini na tisa. Nikaona si sawa na yake, nikahesabu tena nikitia alama ya chokaa, nikapata mia mbili sitini na tatu. Nilifurahi sana, nakumbuka, kama mtu aliyevumbua kitu. Nikamuuliza pia kuhusu mbawakawa anayekula vikonyo, na namna ya kujua dafu kwa kuligonga, na saa zikapita. Nikarudi ofisini nikaandika hati ya kiapo: nimelitembelea shamba, ni la Mzee Athmani, ni ekari tano na kitu. Nikaapa. Wakili Ndinda akaipeleka mahakama ya ardhi, akaishtaki bodi, na tukapewa siku ya kusikilizwa, wiki tano kabla ya mtihani.

Sasa nataka mjue, na hili nawaandikia nyinyi si kwa ajili ya kujipunguzia kosa, kwamba mimi nakaa Majengo katika nyumba isiyo na ardhi. Nyumba ni yangu, niliirithi kwa mama, milango, mabati, ukuta na choo. Ardhi iliyo chini yake ni ya ukoo mwingine kabisa, na kila mwezi napeleka kodi ya kiwanja. Nimefanya hivyo tangu nina akili. Mji huu nusu yake unakaa hivyo, nyumba ya huyu juu ya ardhi ya yule, na hatuoni ajabu. Lakini nilipokuwa kati ya minazi ile nikihesabu kwa chokaa, halikunipitia kabisa kwamba mti nao ni kama nyumba.

Wakili wa bodi alikuwa kijana mtaratibu, mwenye sauti ya mtu asiyetaka kuamsha mtoto. Jaji alikuwa mama wa makamo, miwani kwenye ncha ya pua. Nikapanda kizimbani.

"Bwana Omari, wasema ni ekari tano na kitu. Ulipima?"

"Nilihesabu minazi."

Nyuma yangu watu wakacheka. Jaji hakucheka, aliandika.

"Ulihesabu minazi. Na umesoma hadi darasa la ngapi?"

"La saba. Sikulimaliza."

"Sikuulizi kwa kukudharau. Nataka kujua kama umejifunza kupima ardhi."

"Sijajifunza."

"Vizuri. Ile minazi ni ya Mzee Athmani. Hilo tunakubaliana. Na ardhi iliyo chini ya minazi, ni ya nani?"

Hapo nikaona nyumba yangu. Wallahi niliiona, na choo chake. Nikasimama pale kizimbani nikiwaza kodi yangu ya kiwanja.

"Sijui," nikasema.

Wakili wa bodi alijua. Akatoa karatasi ya zamani, nakala yake ndiyo mtaikuta katikati ya faili, kuonyesha kwamba ardhi ile ni wakfu. Mtu mmoja wa Mji wa Kale, amekufa kabla hatujazaliwa sote, aliitoa kwa ajili ya Mwenyezi Mungu, mapato yake yasomeshe watoto, na msimamizi wake siku hizi ni Maalim Aboud wa Kuze. Babu yake Athmani alipewa ruhusa ya kupanda, akapanda, na miti ikawa yake na ya kizazi chake. Ardhi haikuwa. Bi. Rukia alikuwa amekodi minazi.

Jaji aliahirisha kesi kwa wiki mbili. Akasema kama kuna mwenye ardhi, mahakama ingependa kumsikia.

Tulirudi ofisini kwa miguu, Wakili Ndinda mbele, mimi nyuma na faili. Nilingoja anifukuze. Alivua miwani akaifuta.

"Omari, mimi ni mtu wa bara," akasema. "Kwetu mwenye mti ndiye mwenye shimo lake. Wewe ndiye wa hapa. Ungeniambia."

"Nilisahau kwamba najua."

"Mtu anasahauje anachokijua?"

Nikatoa daftari la mfukoni nikaandika: Maalim Aboud, Kuze.

Wiki mbili zile sikulala vizuri wala kula vizuri, lakini nilitembea, na kutembea nakuweza. Nilianza kwa Maalim Aboud. Anafundisha madrasa yake Kuze, chumba cha chini, watoto wanasoma kwa sauti na yeye anasikia nani amekosea hata akiwa anazungumza na mgeni. Nilikuwa sijamtembelea kwa kazi kabla ya siku hiyo. Nikakumbuka la Mzee Shee, nikatoa karatasi kwanza kabla ya kahawa.

"Kwa hiyo Athmani amekodisha," akasema Maalim.

"Amekodisha minazi, Maalim. Ardhi twaiomba kwako."

"Mimi na Athmani hatuna ugomvi."

"Sikusema mna ugomvi."

"Hatuna. Ila hatusemezani. Huu mwaka wa tisa."

"Kwa nini?"

"Nazi." Akamrudisha mtoto mmoja nyuma aya mbili, kisha akanigeukia. "Nazi iliyo mtini ni ya Athmani, hilo sikatai. Nazi ikianguka yenyewe, usiku, na upepo, imelala juu ya ardhi ya wakfu. Ni ya nani?"

"Maalim, mimi ni mpeleka hati."

"Ndiyo maana nakuuliza. Ningeuliza msomi angenijibu."

Nilikunywa kahawa. Maalim akaniambia wakfu ni kwa ajili ya kusomesha, na hawa ni wanafunzi, basi yeye hana kizuizi. Lakini sharti lake moja: Athmani akubali kwa maandishi kwamba ardhi ni ya wakfu. Nikavuka daraja kwenda Kisauni. Athmani akasema ardhi kuwa ya wakfu anajua, babu yake alijua, na hakuna haja ya kuandika jambo ambalo kila mtu analijua. Tena naye ana sharti: Maalim aandike kwamba hakuna atakayechimba karibu na mzizi bila idhini ya mwenye mti.

"Na mzizi wa mnazi wafika wapi?" nikamuuliza.

"Wafika unapofika," akasema Athmani.

Nikarudi Kuze. Maalim akasema, kama mzizi unafika unapofika, basi shamba zima ni mzizi, na wakfu hauna kitu. Nikarudi Kisauni. Siku moja nilivuka mara tatu. Katika daftari langu la siku zile kuna kurasa mbili za maneno ya hawa wazee wawili, yamepangwa mkono wa kulia na wa kushoto, na nikiyasoma sasa naona walikuwa wakikubaliana tangu mwanzo, ila sijui katika neno lipi.

Wakili Ndinda ndiye aliyeandika karatasi. Moja tu, imegawanywa katikati. Upande mmoja Maalim anatoa ardhi kwa miaka kumi, upande wa pili Athmani anatoa kivuli na njia ya kupita kati ya miti yake. La mzizi liliandikwa kwamba "watachimba kwa uangalifu." Nazi iliyoanguka haikutajwa popote. Wakatia sahihi siku tofauti, kila mmoja kwa kalamu yangu, na Athmani hakunirudishia.

Nikadhani tumemaliza. Jaji alikuwa amemtaka mpima ardhi, na mpima ardhi akaja na mnyororo wake na kijiti cha rangi nyekundu na nyeupe, akazunguka asubuhi nzima. Jibu lake: ekari nne na robo tatu. Babu yake Athmani, sijui kwa haraka au kwa tamaa, upande wa barabara alipanda minazi karibu karibu. Hesabu ya wazee ni ya mtu aliyepanda kwa nafasi.

Ilibidi niape tena kusahihisha nilichoapa kwanza. Karani wa masjala aliyeipokea hati alinitazama akasema, "Bwana Omari, umeanza kujishtaki mwenyewe." Nikamwachia kalamu.

Siku ya pili ya kesi ilikuwa ndefu. Wakili wa bodi alisema robo ekari imepungua, na mkataba wenye wamiliki wawili ambao hawasalimiani si ardhi iliyo mkononi mwa chuo, kesho mmoja akinuna wanafunzi watasimama barabarani. Ni kweli. Wakili Ndinda alisema mmea hausomi hatimiliki, na katika pwani hii kusubiri mwenye mti na mwenye ardhi wawe mtu mmoja ni kusubiri kiyama. Hilo nalo ni kweli. Nilikuwa nimekaa nyuma yake na faili mapajani, kila aliyesimama nikimkubali. Bi. Rukia alikuwa pembeni yangu, mikono imekunjwa ndani ya buibui. Aliniuliza kwa sauti ya chini, "Omari, twaelekea wapi?" Nikamwambia ngoja.

Jaji alisoma amri yake kwa dakika chache. Alisema swali la kama vipande viwili vya haki hufanya ardhi moja ni zito, atalisikiliza kikamilifu, na kila upande ulete hoja za maandishi. Kwa sasa usajili usifutwe, lakini chuo kisipokee wanafunzi wapya. Wa mwaka wa mwisho wafanye mtihani, na wa vitendo ufanyike katika shamba lile lile, wenye miti na wenye ardhi wakiwepo.

Tulipotoka nje Bi. Rukia alishika mkono wa Wakili Ndinda.

"Tumeshinda?"

"Hatujashindwa."

"Ni jambo moja?"

"La," akasema wakili. "Lakini wale ishirini na wanane wataandika mtihani."

Hapo ndipo kesi ilipo. Tangu hapo hoja zimepelekwa, zimejibiwa, jaji amehamishwa, mwingine amesoma faili upya, tarehe imesogezwa. Wakati huu wote madarasa ya miaka ya chini ya Chuo cha Ghorofani yako matupu na madebe juu ya paa yanamwagiliwa na Bi. Rukia mwenyewe. Tarehe ijayo nimeiandika kwenye jalada kwa penseli. Fatma, wewe utapeleka hati kwa Maalim, atakuuliza la nazi. Usijibu. Kazungu, wewe utakwenda Kisauni, na uende na kalamu ya bei rahisi. Kabla hamjaapa chochote kuhusu ekari, mkamtafute mpima ardhi, na kabla hamjamwuliza mtu kitu ni cha nani, ulizeni kilicho chini yake ni cha nani, na kilicho chini ya hicho.

Mtaniuliza tena lile faili lahusu nini hasa. Sijui kama ni kesi ya ardhi, au ya elimu, au ya nazi. Nitawaambia niliyoyaona siku ya mtihani wa vitendo, kwa sababu nilitumwa nikaangalie amri inafuatwa, na hilo halimo katika faili.

Wanafunzi walipangwa mstari kati ya minazi, kila mmoja na jembe na futi ya mbao. Msimamizi wa mtihani alikuwa na saa mkononi. Kila mtahiniwa alipewa nusu saa ya kuchimba shimo la mgomba, futi mbili kwenda chini, na udongo wa juu uwekwe kando, usichanganywe na wa chini. Athmani alikuwa amekaa upande mmoja juu ya kisiki cha mnazi uliokatwa, Maalim upande wa pili juu ya kiti alicholetewa na wanafunzi wake. Kati yao hakukuwa na salamu.

Ikafika zamu ya Kadzo. Alipima, akachora mraba, akainua jembe.

"Binti, hapo kuna mzizi," akasema Athmani.

Kadzo akashusha jembe.

"Chimba, mwanangu," akasema Maalim, anatazama mbele. "Ardhi nimeitoa."

Akainua tena.

"Ardhi ametoa, mzizi hakuutoa."

"Mwambieni huyo bwana imeandikwa watachimba kwa uangalifu."

"Nami namwambia awe mwangalifu."

Msimamizi alitazama saa yake, akasema kwa upole kwamba muda unahesabiwa, na kwamba yeye hayo hayamhusu. Wanafunzi waliomtangulia waliacha kuchimba. Bi. Rukia alikuwa amesimama mbali, ameziba mdomo kwa ncha ya mtandio. Kadzo aliwatazama wazee mmoja mmoja, kisha akanigeukia mimi, pengine kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa na karatasi ya mahakama mkononi.

"Ami Omari, nichimbe au nisichimbe?"

Nilifungua ile amri nikaisoma pale pale, mbio mbio, toka juu mpaka chini. Haikusema. Nilitafuta kichwani kanuni, nikamtafuta Mzee Shee, nikamtafuta Wakili Ndinda, sikupata mtu. Dakika nne za yule binti zilikuwa zimekwisha kwenda.

"Chimba," nikamwambia.

Sikuwa na mamlaka hayo. Athmani alinyanyuka nusu, Maalim akaniangalia kwa mara ya kwanza asubuhi ile. Kadzo akapiga jembe, na udongo wa juu akauweka kando na wa chini.